Mashini ya Kumeza Mama

Juzi mujukuu wangu alipiga video ya barabara yetu iliyokatika, ili wakubwa waione. Nikamukumbuka mama. Nikiwa mutoto, pale kwetu Kingi muto haukuwa na daraja, na padiri (alipenda sana maziwa yetu, lakini hiyo iko habari ingine) alileta mashini ya kukamata sinema, apelekee mukubwa wa serikali kule Masisi picha ya shida yetu. Mama akasimama mbele ya mashini na kitunga cha maharagi mugongoni, akaeleza shida zote mpaka midomo ikakauka.

"Mama, mashini hii haisikie," padiri akasema. "Inaona tu."

"Na wewe, Padiri, mbona uliniacha nimalize?"

Akaingia majini. Mashini ikalia kama panzi, harufu ya matope ikapanda, na mama akazidi kushuka, kiuno, kisha kifua. Leo najua ni muto tu. Siku ile niliona mashini njo inamumeza. Nikakimbia, nikaifunika jicho kwa mukono.

"Toa mukono, wewe," mama akaita toka majini. "Sasa wataona nini?"

Akarudi ukingoni, akatua maharagi, akanibeba mimi pahali pake.

"Basi waone na mutoto."

Tukaingia wote wawili, mimi nikilia kweli kweli. Mukubwa alipoiona picha ile, miti ya daraja ilifika upesi, mbele ya mavuno kuanza.