Shikamoo za Wadoli

Mama yangu alikuja kutoka Tindiga na mfuko mtupu wa kutilia nguo za binti yangu. Aliambiwa mjukuu wake kaonekana Mikumi, kando ya barabara kuu, kavaa kama mdoli, anapigwa picha. Ni kweli. Gauni nilishona mimi. Binti alinionyesha kwenye simu wasichana wa Kijapani wenye marinda na lesi, akasema wenzao wapo kila nchi na wanakutana mtandaoni. Mimi niliishia la saba, sikuuliza mengi. Nilikata pazia la neti, na chandarua kilichochanika nikakiweka ndani ili sketi ifure. Labda nilikosea.

Mama alipoingia kwangu Kilosa, binti alikuwa kitini mbele ya simu, mubashara kwa wenzake wa mtandaoni. Sharti la kundi lao ni kwamba mdoli haongei wala hageuki kwa nusu saa.

"Huyu siku hizi haamkii?"

"Bado dakika kumi, mama."

"Kwani salamu ina foleni?"

Nisimwonee, hakupandisha sauti. Alianza tu kukunja nguo za mtoto na kuzitia mfukoni. Binti kuona vile, akashuka, akapiga magoti, sketi ikamfura hadi masikioni.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Kavae nguo, tunaondoka."

Wenzake wakauliza neno lile ni nini. Binti akawaandikia: ni salamu kwa mkubwa. Basi zikamiminika, shikamoo bibi, kutoka Japani, Brazili, Ufilipino. Nikawa nasoma kwa sauti, na mama hawezi kuacha shikamoo bila kuitikia.

"Marahaba. Marahaba, mwanangu. Na huyo wa nywele za pinki, marahaba."

Bodaboda aliyemleta mama akapiga honi nje.

"Subiri!" mama akamwambia. "Watoto wa watu wanaamkia!"

Kisha mdoli mmoja wa Japani, utepe wake mkubwa kuliko kichwa, akaandika kuwa ana miaka sabini na sita. Mama ana sabini na moja. Akasimama, akafunga khanga vizuri, akainamia simu.

"Shikamoo, dada."

Akaikodolea simu macho, jibu halikuja.

"Siondoki sijaitikiwa," akasema, akakaa. Bodaboda akaondoka.

Marahaba ilikuja kesho yake asubuhi. Kumbe kule ulikuwa usiku, dada alikwenda kulala. Mama akazitoa nguo mfukoni moja moja.

"Abaki. Kwangu mtandao unasumbua, na yule ni mkubwa, lazima aamkiwe kila siku."

Sijui kama huko ni kukubali. Ninachojua, alirudi Tindiga na mfuko mtupu.