Mume wangu mwandishi alivyomhoji mtani wa ukoo wetu akachapa kitabu

Wakuu, shikamooni wa kushikamoo, wengine mambo vipi.

Naandika nikiwa Ufukoni, Mtwara, na sitatia chumvi. Mume wangu naye ni member humu, nikizidisha neno atakuja kunikosoa mwenyewe.

Ni mwandishi. Siyo wa hadithi za mapenzi, hapana. Alianza kama fundi wa sola, akaandika kitabu cha kufunga sola nyumbani. Kikanunuliwa. Akaandika cha kutengeneza simu.

Halafu siku moja tukapita Mikindani, akaona yale majumba ya kale, basi, akarudi na ugonjwa wa historia. Kikatoka kitabu cha maduka ya zamani. Mimi nilishazoea kupika huku nasomewa, leo betri, kesho masultani.

Tatizo lilikuwa baba yangu.

Mume wangu ni mtu wa Singida. Baba ni Mmakonde wa Madimba, mkulima wa korosho. Alipokea mahari na kutuozesha, ila moyoni hakumpokea. Hakuwahi kumwita mkwe. Akinipigia simu: "Huyo mgeni wako hajambo?"

Iliniuma wakuu, sitaficha. Tukienda kijijini anapewa kiti kizuri na chakula kizuri kama ofisa wa serikali. Mazungumzo hakuna.

Ndipo mume wangu akapata wazo. "Nitaandika historia ya ukoo wenu. Baba akisikia, yataisha."

Tulikuwa tunakwenda kwenye arobaini ya shangazi yangu, akabeba simu ya kurekodia. Wazee wetu wakamjibu kwa mkato, watu wana huzuni zao. Kasoro Bi Somoe. Huyo bibi alimkalisha kwenye kigoda, akamsimulia asubuhi nzima bila kucheka hata kidogo. Mimi nilikuwa uani nachambua mchele, sina habari.

Sasa Bi Somoe siyo wa ukoo wetu. Ni mtani wetu.

Kwa wasiojua, huku kwetu ukoo una watani wake kutoka ukoo mwingine. Msibani ndio wanaochimba kaburi, wanaopika, na wanaoigiza marehemu alivyokuwa akikohoa. Wanasema lolote na hawanuniwi. Mume wangu utani aliujua ule wa makabila tu, wa kurushiana maneno stendi. Wa ukoo hakuujua.

Na muswada safari hii hakunisomea. Alitaka iwe sapraizi!

Kitabu kikachapwa, tukaenda nacho Madimba. Baba akaita ndugu. Watani nao wakaja, maana harufu ya pilau haina mipaka.

Mume wangu akasimama, akafungua sura ya kwanza, akasoma kwa sauti ya mtangazaji wa redio:

"Mwanzilishi wa ukoo huu alivuka mto Ruvuma akiwa amebebwa mgongoni na mkewe, kwa kuwa aliogopa maji. Alikuwa akimkimbia jogoo."

Nilitamani ardhi ipasuke.

Kule nyuma Bi Somoe akaanguka mkekani kwa kicheko. Mume wangu akadhani anashangiliwa, akafungua ukurasa wa pili, ambako babu yetu anajificha ndani ya kinu.

Baba akanyanyua mkono. "Nani kakusimulia haya?"

"Bi Somoe, mzee. Nimemrekodi."

Baba akainama. Mabega yakaanza kutikisika. Nikasema basi, nimemliza baba yangu mbele za watu, hapa hatukanyagi tena.

Kumbe anacheka! Alicheka mpaka kofia ikadondoka. Akafuta macho, akamgeukia yule bibi kwa lafudhi yetu ya Kimakonde:

"Somoe, tangu lini unantania ntu wa nje?"

Bi Somoe hakuchelewa. "Wa nje nani? Mie nimentania nkweo. Ngeni ningempa soda aende zake."

Ilimwingia baba. Mtani alishamhesabu mume wangu kuwa mtu wa nyumbani, na yeye mwenye nyumba bado anamwekea kiti cha mgeni.

Akapigapiga mkeka pembeni yake.

"Nkwe wangu, njoo ukae hapa. Washa hiyo simu, nikueleze babu yake Somoe alivyoposa mbuzi."

Mume wangu akakaa, akawasha simu, akauliza kwa umakini wote: "Ilikuwa mwaka gani, mzee?"

Nililia wakuu. Nilicheka na kulia kwa pamoja.

Baba amekataa kitabu kisahihishwe. Anasema kibaki hivyo hivyo, ila iongezwe sura ya mbuzi.

Nilichojifunza: ukimhoji mtu habari za jirani yake, uliza kwanza wanaitanaje. Na ukitaniwa huku Kusini usinune, ujue umeshafunguliwa mlango.

Wenye watani wakorofi, shusheni visa vyenu hapa chini. Mume wangu atavisoma, kwa sasa anaandaa kitabu cha mashine za kubangua korosho. Bi Somoe keshajitolea kuhojiwa.