Tambi za Mama Vero Nilizianika Kama Dagaa

Chekeni tu, hata mimi nimeshachoka kujitetea. Miaka ya tisini nilijiunga na darasa la kutengeneza tambi kwa mkono, shambani kwao Vero, kule Kasansa. Tambi zenyewe hazikunihusu. Nilikuwa namtaka Vero. Mwalimu alikuwa mama yake, aliyejifunza alipokuwa mpishi wa mapadri wa Kiitaliano.

Mimi na akina mama wa kwaya tukakanda unga kwa mayai, tukasukuma, tukakata nyuzi nyembamba na kuzitandaza kwenye nyungo zikauke kidogo.

"Baba, we linda kuku wasizile," Mama Vero akaniambia. "Sisi tunapika mchuzi."

"Kukausha niachie mimi, mama. Mimi mtu wa Ikola!"

Kwetu Ikola, ufukweni mwa Ziwa Tanganyika, dagaa huanikwa mchangani na kugeuzwa kwa ufagio. Nyungo nikaziona ushamba. Nikamwaga tambi zote kwenye mchanga uliopata moto vizuri, nikawa nazifagia huku napiga mluzi, ili Vero anione.

Waliposema tambi ziletwe jikoni, ndipo nikakumbuka mchanga. Sikushtuka, kwani hata dagaa si huoshwa? Nikazitia kwenye beseni la maji, nikazifikicha kwa nguvu zote za mtu anayetafuta mke. Zikageuka uji wa kijivu.

Mama Vero akatokea na kwaya nzima nyuma yake. Akatazama beseni, akatazama ufagio wenye tambi zinazoning'inia, kisha akamgeukia binti yake.

"Vero, mletee mwenzio kikombe. Kwao tambi ni za kunywa."