Sauti ya Ovidio Sbardella

Asubuhi Ovidio Sbardella alikuwa padri, mchana jambazi wa Meksiko, na kabla wiki haijaisha alikuwa daktari kichaa mwenye jicho la kioo. Sura yake ilikuwa udongo wa mfinyanzi; kila mwongozaji aliifinyanga atakavyo. Kwenye mabango walimwandika kwa jina la Kimarekani ambalo mwenyewe hakuweza kulitamka. Watu wa Garbatella, mtaa wake huko Roma, walikutana naye sokoni wakasita kumsalimu, kama mtu waliyewahi kumwota.

Alichokosa humo sinemani ni sauti. Katika Roma ya miaka ile ya sitini, filamu zilipigwa picha bila kunasa maneno. Mhispania alisema Kihispania, Mjerumani Kijerumani, na Ovidio, mistari ikimtoroka, alihesabu tu: "Kumi na tisa! Ishirini! Ishirini na moja, mbwa wewe!" huku macho yakiwaka moto. Baadaye, katika chumba chenye giza, mtu mwingine alimtilia maneno kinywani. Mtu huyo kwa kawaida alikuwa Gualtiero, kifua kama pipa, ngurumo kooni.

Hilo halikumsumbua Ovidio mpaka macho ya mama yake yalipoingia ukungu, kisha giza. Bi Nunziata hakuacha sinema. Kila Jumapili alijifunga kitambaa chake kizuri, akanunua mbegu za maboga za chumvi, akaketi kando ya mwanawe na kutega sikio.

"Uko wapi sasa?"

"Huyo anayesema, mama. Ndiye mimi."

"Wewe? Usinichezee. Huyo ana sauti ya mtu aliyekula akashiba. Nimekuzaa mwenyewe, nakujua."

Jumapili zikapita, na mama akaacha kuuliza. Siku moja, wakitoka kwenye mwanga ambao kwake haukuwa mwanga, akasema, "Uwe unakwenda peke yako, mwanangu. Nikikaa humo nikakutafuta nisikupate, naona kama nimekuzika."

Kesho yake Ovidio alikwenda kwa Bi Ersilia, msimamizi wa kutia sauti, kofia mkononi.

"Niache nijisemee mwenyewe. Filamu hii moja tu."

Bi Ersilia akamsikiliza akisoma mistari ya jambazi, akacheka mpaka akapangusa machozi. "Ovidio kipenzi! Sura ya simba, sauti ya mbuzi! Ukumbi mzima utaanguka kwa kicheko."

"Basi nipe sauti yoyote. Ya mlevi. Hata ya punda."

Gualtiero alikuwa pembeni akivuta sigara. "Mpe yule muuza maji," alisema. "Anapita nyuma ya ukuta, hata haonekani. Mbuzi hawezi kuharibu kitu pale."

Taa zikazimwa. Ovidio akasogelea kipaza sauti, akafumba macho. Hakuigiza. Aliita tu, kama mtu anayeita chini ya dirisha la kwao: "Maji! Maji baridi!"

Ilimbidi ambembeleze mama yake sana ndipo akakubali kurudi. Ukumbini moshi wa sigara ulielea ndani ya mwali wa taa, na mji wa Meksiko ukaelea juu ya moshi. Jambazi alipandishwa kwenye kitanzi, akinguruma kwa koo la Gualtiero. Ndipo nyuma ya ukuta mtu fulani akaita.

Mkono wa Bi Nunziata ukasimama ndani ya pakiti ya mbegu.

"Huyo hapo!"

"Taratibu, mama."

"Huyo hapo mwanangu! Anauza maji!"

Majirani wa viti vya mbele wakageuka. "Bibi, maji gani? Mwanao ndiye anayenyongwa!"

"Anyongwe nani? Funga mdomo wako, nimsikie!"

Jambazi akatupa miguu hewani. Ovidio hakujitazama akifa. Alimtazama mama yake, maana mwito ulipita tena, mbali kidogo, kuelekea mwisho wa mji ule wa mbao, naye alikuwa akiufuata kwa uso wake wote, midomo wazi, kama anayenyweshwa.