Kisu Tusichokionyesha

Naikumbuka vizuri siku moja mjini Mbale, mwanangu, nilipokuwa mwandishi wa filamu mwenye filamu moja kichwani na kiburi cha filamu kumi. Nilikuwa nimetoka Jinja na mwongozaji wetu, Isabirye, pamoja na kamera za kuazima na mswada niliouandika kwa Kiswahili ili tupate watazamaji hata ng'ambo ya mpaka, Kenya. Mimi ni Mnubi, mtoto wa kambi ya jeshi. Watu wakiniambia Kiswahili ni lugha ya askari na viboko, huwajibu kwamba mama yangu alinibembeleza kwayo, na mama hakuwahi kushika bunduki.

Kisa changu kilikuwa cha kijana wa Kimasaba, kabila la pale Mbale, aliyefikia umri wa imbalu. Hiyo ndiyo tohara yao: kijana husimama uani mbele ya ndugu, majirani na wapita njia, naye hapaswi hata kupepesa macho. Akisimama imara, ni mwanamume. Basi mimi nikaandika kwamba kijana wangu anaona kisu, anatimua mbio, na umati unamfukuza mpaka barabara kuu. Filamu inataka mwendo, sivyo? Isabirye aliposoma ukurasa ule aliruka kwa furaha.

Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Tulipofika Mbale, waigizaji wa pale, vijana hodari wa jukwaani, walikataa mmoja mmoja kucheza sehemu ile. Mmoja alisema ana mafua. Mwingine alikuwa na shangazi mgonjwa Tororo, na nadhani shangazi huyo alizaliwa asubuhi ileile. Mwishowe akabaki Nabende, kijana wa Busiu mwenye macho yanayopendwa na kamera. Hakuwa amewahi kuigiza popote, naye aliitaka nafasi ile kwa moyo wote. Alikubali. Jambo ambalo hakutuambia ni kwamba msimu uleule ilikuwa zamu yake mwenyewe kusimama uani kwao.

Aliyetuambia ni baba yake, askari wa magereza. Alikuja mazoezini akiwa na sare, akaketi kwenye benchi, akamtazama mwanawe akikimbia na kurudia tena kukimbia. Watu wa mtaa walikuwa wamejaa ukutani wakicheka. Mzee akainuka, akanijia mimi, si Isabirye.

“Binti, ni wewe naandika hii maneno?”

“Ni mimi, Afande.”

“Sawa. Sasa sikia. Kijana yangu nasimama mwaka hii hii. Hata akisimama kama jiwe, watu watasema huyu ndiye ile alikimbia kwa video. Watoto yake pia wataitwa watoto ya mwoga. Wewe narudi Jinja. Yeye nabaki na hiyo jina.”

Hakupaza sauti. Heri angefoka, maana anayefoka hukupa nafasi ya kumjibu. Isabirye akaingilia kati kusema kwamba huu ni mchezo tu.

“Mukuki kwa nguruwe tamu, bwana,” mzee akamwambia. “Leta kijana yako wewe akimbie.”

Isabirye akanivuta pembeni. Kamera zilikuwa zirudi kwa mwenyewe kesho yake. Tusipoipiga picha ile siku hiyo, filamu imekufa, na mimi pamoja nayo. Nabende mwenyewe alisimama akitutazama, hajui aombe nini. Alitaka filamu, alitaka na jina lake. “Andika upendavyo,” Isabirye akasema, “lakini akimbie. Hakuna njia nyingine.”

Nilikasirika, mwanangu, na siku hiyo hasira yangu ilikuwa na akili. Nilimwambia ukurasa ni wangu na hakimbii mtu. Nikamrudia yule mzee nikamwuliza, “Afande, kijana akiwa amesimama nje, mama yake yuko wapi?”

“Mama iko ndani ya nyumba. Hatoki. Nasikiliza tu.”

Nilikaa palepale kwenye benchi nikaandika upya. Kamera haitoki ndani. Mama ameketi, nje kuna ngoma na nyimbo, kisha ngoma zinanyamaza. Hatuoni kisu, hatumwoni kijana. Tunauona uso wa mama anayesikiliza, na kimya kinakaa mpaka mtazamaji mwenyewe anatamani kukimbia. Halafu vigelegele vinalipuka, naye anajua mwanawe amesimama.

Sehemu ile aliicheza mama yake Nabende, muuza ndizi wa Busiu. Isabirye alianza kumweleza jinsi ya kukaa na pa kutazama. “Wacha, bwana,” mama akasema. “Mimi najua kuogopa.” Uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Tulipiga picha mara moja tu, na Isabirye, ambaye hupenda kurudia kila kitu, hakuomba kurudia.

Filamu ilipoonyeshwa kwenye kibanda cha video pale Bugembe, karibu na Jinja, mtafsiri, ambaye kazi yake ni kusema juu ya kila picha kwa kipaza sauti, alinyamaza ilipofika picha ile ya mama. Watu walilia. Nilijivuna, na hata leo najivuna.

Lakini filamu si kitu mbele ya siku ile Nabende aliposimama kwao Busiu. Nilialikwa, nikaenda na hofu, maana kama mtu mmoja angetaja mbio za mazoezini, kosa lingekuwa la kalamu yangu. Alisimama kama mlingoti. Umati uliliita jina lake, ukaliita na la baba yake, na hakuna aliyeongeza neno jingine.

Umeniuliza, mwanangu, kama mwandishi wa filamu ana haki ya kuandika lolote. Andika hofu, andika aibu, andika hata mauaji, usiogope. Ila kabla hujamvika mtu aibu, uliza ataivulia wapi kamera ikizimwa. Jina jema hung'aa gizani, na jina baya halifutiki kama ukurasa. Waulize wenye mila kabla hujaandika, si baada ya kufika na kamera. Na mwongozaji akikuambia hakuna njia nyingine, usimwamini. Kutafuta njia nyingine ndiyo kazi yenyewe.

Nenda kaandike. Mungu akupe jicho kali na mkono mwepesi, akupe watazamaji wanaolia pale ulipotaka walie, na kila atakayeyasema maneno yako mbele ya kamera arudi nyumbani kwao na jina lake zima. Amin.