Kitone cha Kijani cha Elia

Anayetaka kucheka acheke sasa hivi, amalize, afute machozi, halafu tuendelee. Haya sikuhadithiwa na mtu. Na usinipe ile habari ya kwamba usiku macho hudanganya, kwa sababu ilikuwa saa saba mchana, jua la Singida limesimama utosini, na tumboni nilikuwa na chai tu.

Mimi na Elia tulikuwa tunaandika programu za kompyuta. Ofisi yetu ilikuwa chumba cha nyuma ya duka la baba yangu la vitenge na mashuka, mjini Singida. Elia ni mtoto wa wakulima wa Mgori, kule karibu na msitu, Mnyaturu wa baba na mama. Mimi ni wa mjini, babu yangu alikuja na biashara kutoka pwani, na Kinyaturu changu kinaishia kwenye salamu. Yeye alikuwa anajua kazi. Mimi nilikuwa najua kuonekana najua kazi. Naomba uishike hiyo tofauti, maana ndiyo iliyonifikisha hapa.

Tulikuwa na kundi la wenzetu kwenye programu moja ya kuchati. Kuna kidude kidogo unakiunganisha, basi ukianza tu kuandika kwenye kompyuta, chini ya jina lako watu wote wanaona: kitone cha kijani, "anaandika programu", jina la faili unalolifanyia kazi, na muda uliokaa. Nilikipenda kidude hicho kuliko kazi yenyewe. Nilikuwa nafungua faili gumu gumu, naacha kompyuta inawaka, naenda kula mishikaki. Nikirudi nakuta sifa zimejaa: kaka, masaa sita hujanyanyuka!

Elia naye alikiweka, ila kwa ajili ya mama yake. Mama Elia hakuwahi kuelewa ni kazi gani hiyo ya kukaa kwenye kiti kutwa nzima, bila jembe wala ng'ombe. Alidhani mwanawe anazurura mjini. Basi Elia akamwekea ile programu kwenye simu, akamwambia, "Mama, ukiona kijani, jua niko kazini. Kikizimika nitakupigia." Na kweli, kila siku saa saba mchana alifunga kompyuta, kitone kikazimika, akapiga Mgori. Mimi nilisikia upande wa huku tu: "Nimekula, mama. Ndiyo, mama. Nimekula." Akikata simu ananigeukia na swali lake la siku zote: "Umefika mstari wa ngapi?" Alijua sijafika popote. Nilikuwa namchukia kidogo kwa swali hilo, leo nasema wazi.

Elia alikufa kwa ajali ya pikipiki, kwenye barabara ya Ilongero. Tukamzika kwao. Baada ya mazishi baba yake mdogo alisimama akatangaza kama inavyotangazwa kwenye misiba ya kule: vitu vya marehemu visiguswe mpaka siku ya kumaliza msiba, vitakapotolewa nje vyote na kugawiwa mbele ya watu. Hata kijiko. Mpaka siku hiyo mwenye vitu hajaondoka. Nilisikia kwa masikio yangu haya mawili. Nikaitikia kwa kichwa, huku mawazo yangu yako kwenye kompyuta yake iliyobaki chumbani kwetu mjini.

Unajua kwa nini? Wiki iliyofuata nilikuwa na usaili wa kazi, kampuni moja ya Dar es Salaam, na walitaka niwaonyeshe kitu nilichokitengeneza kwa mikono yangu. Sikuwa nacho. Elia ndiye aliyekuwa nacho: programu ya mashine za kukamua alizeti, inayosoma mzani na kumtumia mkulima ujumbe wa kilo zake hapo hapo, asije akapunjwa. Aliijenga miaka miwili. Kila faili, mstari wa kwanza kabisa, lilikuwa na jina lake. Nikajiambia, mtu amekufa, jina la nini tena?

Siku ya tatu baada ya mazishi nikaifungua. Neno lake la siri nilikuwa nalijua, lilikuwa jina la mama yake. Nikakaa kwenye kiti chake, nikaanza kufuta "Elia" na kuandika jina langu, faili moja baada ya jingine. Nikasahau kile kidude. Nilivyokipenda vile, nikakisahau! Basi kule Mgori, kwenye simu ya mama aliyekaa mkekani analia, kitone kikawa kijani.

Penina, mdogo wake Elia, alinipigia jioni ile. "Kaka shikamoo. Mama ameacha kulia. Anasema Elia yuko kazini, amewaambia watu wa msiba warudi makwao." Kisha akauliza, "Kaka, hiyo kompyuta anayo nani?"

Nikamjibu bila hata kumeza mate kwamba ni mtandao tu, mtu akifa haumfuti siku hiyo hiyo. Mtoto wa watu akanishukuru. Nami nikaendelea siku nne, maana mafaili yalikuwa mengi. Kile kidude ningekizima kwa kubofya mara moja. Sikukizima. Nilifanya hesabu yangu kichwani: mama akiamini mwanawe yuko kazini, hatatuma mtu kuja kuifuata kompyuta. Ulishasikia ukatili wa namna hiyo? Mimi niliufanya nikiwa natafuna karanga.

Siku ya nne nikamaliza. Nikahamishia kila kitu kwenye kompyuta yangu, ya Elia nikaizima, nikaitia kwenye begi, begi chini ya kitanda. Asubuhi nikatazama simu. Elia, kijani, anaandika programu. Masaa tisini na sita. Na jina la faili lililoandikwa pale lilikuwa la faili langu mimi, lililomo kwenye kompyuta yangu. Nikalifungua. Mstari wa kwanza: Elia. Nikafuta, nikaandika langu. Nikageuka kuchukua kikombe, nikarudisha macho: Elia.

Mwili ulinisisimka, lakini ujanja haukuniisha. Nikaona mama ndiye anayemshikilia kwa ile simu yake. Nikapanga niende Mgori, nirudishe kompyuta kama mtu mwema, niombe simu ya mama niifute ile programu, yaishe. Usaili ulikuwa kesho yake. Nikakodi pikipiki, nikapita Ilongero bila kugeuza shingo, upepo na vumbi vikinichapa usoni mpaka nafika.

Mama Elia nilimkuta uani anapepeta uwele.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba. Mwenzako yumo ndani. Usimpigie kelele."

Nilitaka kucheka, niamini. Nikausukuma mlango wa chumba cha Elia. Pale kwenye meza, meza tupu isiyo na kitu, Elia alikuwa amekaa amenipa mgongo. Amevaa shati jeupe tulilomnunulia la kuzikiwa, na kile kikaratasi cha dukani bado kiko shingoni. Vidole vyake vilikuwa vinaandika juu ya mbao, haraka haraka kama zamani, na kila kidole kikigonga, udongo mwekundu unadondoka mezani. Niliusikia ukidondoka. Hakugeuka. Akaniuliza tu, kwa sauti ile ile, "Umefika mstari wa ngapi?"

Sijui nilitokaje. Nilijikuta uani, nimeshika nguzo ya jiko, mkojo umenitoka. Mama hakuinua macho kutoka kwenye ungo.

"Umemwona?" akasema. "Mwanangu anaacha kazi saa saba, ananipigia. Hicho kijani chako kilikaa siku nne, hakikunipigia hata mara moja. Siku ya kwanza tu nilijua ni mwizi, ingawa watu niliwaambia mwanangu yuko kazini." Akatupa neno la Kinyaturu kuelekea mlangoni, si kwangu. "Watu nimewarudisha kwa sababu msiba hauwezi kuisha, vitu havijatimia. Na yeye haondoki. Nimemwita aje angoje hapa. Haya, lete."

Nikampa begi. Akaitoa kompyuta, akaifuta vumbi kwa kanga yake, taratibu, kila kona. Kisha ndiyo akaniangalia.

"Na kilichokuwa ndani yake?"

Hapo, wewe unayenisikiliza, hapo ndipo ningepona. Ningesema tu, mama, nimechukua, nisamehe. Lakini usaili ulikuwa kesho. Nikamtazama machoni mama aliyetoka kuzika, nikasema, "Kimo chote, mama. Sijachukua kitu."

Akaiweka kompyuta pembeni ya ungo. Halafu akasema, "Haya. Basi atakuja kukaa kwako." Akarudi kwenye uwele wake, hata kwaheri hakuniitikia.

Kesho yake saa sita na nusu mchana nikawasha kamera. Watu watatu wa Dar wakanisalimia vizuri. Alfajiri nilikuwa nimekagua mafaili yote, jina ni langu juu mpaka chini. Nikawafungulia, nikaanza maelezo kwa mbwembwe. Mmoja wao, mama mwenye miwani, akanikatisha.

"Samahani, huyu Elia ni nani?"

Nikatazama. Jina langu lilikuwa linafutika herufi kwa herufi, na la Elia linaandikwa.

"Na mbona anaandika sasa hivi," yule mama akaendelea, "na wewe mikono yako tunaiona hapo kwenye kamera?"

Mikono yangu ilikuwa mashavuni. Faili likafungwa, likafunguka jingine, mstari kwa mstari, na sote wanne tunaangalia. Mbele yangu, kwenye meza, kulikuwa na udongo mwekundu. Ilipofika saa saba kamili kompyuta ikajizima. Na simu yangu, imelala pale mezani, haijaguswa na mtu, ikapiga Mgori yenyewe.

"Umekula, mwanangu?"

Nikafungua mdomo niseme mama, ni mimi, nisamehe. Kilichotoka ni, "Nimekula, mama." Sauti haikuwa yangu. Ilikuwa ya Elia.

Huu ni mwaka wa pili. Kazi sikupata, na wala kompyuta siigusi, napima vitenge dukani kwa baba. Lakini nikijiunga na programu yoyote ya kuchati, nikaandika jina langu, linatokea la Elia, kijani, anaandika, masaa hayahesabiki. Wenzetu walinifukuza kwenye kundi wakisema nachezea jina la marehemu. Msiba kule ulimalizwa, vitu viligawiwa, kompyuta akapewa Penina. Kilichomo ndani hakijarudi, kwa sababu mwenyewe anacho huku kwangu. Nimeshafuta jina hilo mara ngapi? Nimeshakwenda Mgori kuungama, nikifika uani mdomo unakuwa mzito, natoa shikamoo tu. Wateja wamezoea. Saa saba wananiona naweka mkasi chini, naichukua simu inayojipigia Mgori, naongea kwa sauti ya mtu mwingine kwamba nimekula. Na siku nyingine sijala.

Kama unayo mashine ya mtu aliyekufa, irudishe kwao leo, na kilichomo, na jina lake likiwa pale pale alipoliandika. Usijiambie hana haja nalo. Mimi nilijiambia hivyo, na leo langu halipo.

Juzi nilimsikia Mama Elia anakohoa kwenye simu, kikohozi kibaya, cha kifuani. Umri umekwenda. Siku atakayolala asiamke tena, saa saba itafika kama kawaida na simu itapiga. Sijui nani atapokea, na sijui ataniuliza nini. Haya, niache sasa, zimebaki dakika mbili.