Maksai Waliombeba Mke Wangu

Laiti ningemkataa wakili siku ile. Ningemwambia kesi imekwisha, tuiache. Badala yake nilivuta kiti karibu na meza yake pale Bariadi mjini, nikamuuliza, "Inafufukaje?"

Kesi ilikuwa kati yangu na mdogo wangu, mtoto wa mama mmoja, na ilihusu majani. Baba alituachia ngitili, malisho yanayofungwa tangu mvua zinapoanza hadi kiangazi kikali. Ng'ombe haingii mpaka mkubwa aseme fungueni, na mkubwa nilikuwa mimi. Mwaka ule mvua zilikatika mapema, mdogo wangu akaingiza mifugo yake kabla sijasema. Nilipomfuata alinijibu akiwa ameegemea fimbo.

"Kaka, ng'ombe hawali heshima."

Wanawe wakacheka. Kicheko kile ndicho nilichokipeleka mahakamani, ingawa kwenye hati ya madai kiliitwa fidia ya uharibifu wa malisho.

Ada ya kesi sikuilipa kwa wakati. Wiki niliyotakiwa kulipa, mvua zilikuwa zimerudi kwa fujo, mto umejaa, na mke wangu akashikwa na tumbo. Hakuna pikipiki iliyothubutu kuvuka. Mdogo wangu alikuja bila kuitwa. Alifunga maksai wake wawili kwenye mkokoteni, akaingia nao majini, akamfikisha mke wangu hospitali akiwa hai. Mimi nilikaa nyuma, nimemshikilia mke wangu.

Mke wangu alipona. Niliporudi nyumbani nikaambiwa mahakama imeikataa hati yangu kwa kutolipiwa ada. Mdogo wangu naye alisikia. Asubuhi moja akaja, akanisalimu kwa Kisukuma, "Mwangaluka," nikaitikia, tukala ugali kwa maziwa kwenye sahani moja. Kwetu, ukishakula hivyo na mtu mliyegombana naye, shauri limekwisha. Nililijua hilo nikiwa natafuna.

Kisha wakili akaniita.

"Mzee, ugonjwa wa mke ni sababu nzuri. Tutaomba tuongezewe muda, ulipe ada, kesi irudi. Ila kiapo kionyeshe ulikuwa peke yako. Ukisema ulikuwa na ndugu, hakimu atauliza kwa nini hukumtuma akakulipie."

Nikaapa kwamba nilimuuguza mke wangu bila msaada wa ndugu yeyote.

Siku ya kusikilizwa maombi, mdogo wangu hakuwa na wakili. Alisimama na nakala ya kiapo changu mkononi.

"Mheshimiwa, nauliza jambo moja. Mkokoteni ule siku ile aliuvuta kaka mwenyewe?"

Watu wakacheka; nikachekwa tena, safari hii mbele ya hakimu. Hakimu akamuuliza kama aliwasilisha kiapo kinzani cha kupinga changu, maana bila hicho maneno yake hayahesabiki. Hakujua hata maana yake. Maombi yakakubaliwa, nikalipa ada siku hiyohiyo kwa hasira, kana kwamba ni mimi niliyeonewa.

Nyumbani mke wangu alikuwa ameshasikia.

"Ungeniacha nife kwenye maji," alisema. "Kiapo chako kingekuwa cha kweli."

Kesi ilirudi, nikashinda. Mdogo wangu hakubisha kwamba aliingiza ng'ombe. Ili kunilipa fidia aliuza maksai wale wawili. Tulipokutana mnadani hakunipa mkono.

"Umekula miguu iliyombeba mkeo," alisema. "Nikifa usije."

"Nani atakuja?" nikamjibu. "Hata mbwa wako atakuwa na shughuli."

Wachuuzi waliokuwa karibu waliinamisha macho. Mmoja, mtu wa umri wangu, aliniambia niondoke kabla sijasema lingine.

Bila maksai hakuweza kulima pamba. Akahamia Lamadi kupakua samaki, mtu aliyekulia nyuma ya jembe. Sikumtembelea. Nilikuwa nangoja aje kuomba radhi, na kila kiangazi nilifungua ngitili peke yangu, nikisimama langoni kama mwenye kitu.

Habari za kifo chake nililetewa na mama anayeuza dagaa sokoni. Alinipa pole akidhani natoka msibani. Nilipanda gari nikafika Lamadi, nikakuta turubai limeshashushwa. Mwanawe mkubwa, mmoja wa wale waliocheka, alinizuia mlangoni.

"Baba mkubwa, alituachia agizo. Tumelitimiza."

Hakunikaribisha kiti. Kaburi sikuonyeshwa.

Ngitili ninayo hadi leo. Kufufua kesi ile kulinigharimu ndugu yangu wa pekee, na haki ya kumtupia udongo.